Kabla Hamjafuta, Ombeni Nakala: barua ya wazi kwa wenye haki za tamthilia za mashujaa wa Japani

Kwa wakurugenzi wa kampuni zinazomiliki tamthilia za tokusatsu, yaani zile za Kijapani za mashujaa wanaopambana na majini, kwa wakuu wa vituo vya televisheni vilivyozirusha, na kwa maofisa wa Wakala wa Utamaduni wa Japani.

YAH: OMBI LA KUPOKEA NAKALA ZA MASHABIKI KABLA YA KUAMURU ZIFUTWE

Waheshimiwa,

Tafadhali husikeni na kichwa cha habari hapo juu.

Naandika kwa Kiswahili kwa makusudi. Kazi zenu zilipotufikia hazikuwa na Kiswahili, tukatafuta wenyewe wa kututafsiria. Sidhani ni vibaya safari hii nanyi mkatafuta. Isitoshe, nataka wenzangu wa Dar, Mombasa, Nairobi na walioko ughaibuni waisome kabla yenu, waseme kama nimewasemea sawasawa.

Wengi wetu tuliingia kupitia Power Rangers. Tulikuwa watoto, tunagombania nani awe mwekundu, na hakuna aliyetuambia kwamba yule mwekundu akishavaa helmeti ni Mjapani, wala kwamba mapigano yale yamekatwa kutoka Zyuranger, tamthilia ya kampuni ya Toei ya Japani ya mwaka 1992. Kampuni ya Saban ya Marekani walichukua picha za mapigano, wakawarekodi vijana wa Kimarekani kwa zile sehemu za bila helmeti, wakaunganisha, na mwaka 1993 mzigo ukaanza kurushwa Marekani. Ndiyo maana maadui walikuwa wanapigiwa kwenye machimbo ya kokoto yasiyofanana hata kidogo na mji wanakosoma akina Jason, wale vijana wa Kimarekani. Tuliona tofauti hiyo tukiwa wadogo. Hatukuwa na wa kumuuliza.

Ukishajua hilo, hutulii. Unataka kuiona ile yenyewe. Kisha unataka iliyoitangulia, na iliyoitangulia hiyo, mpaka unafika Gorenger ya 1975, unakwenda Kamen Rider ya 1971, unarudi kwa Ultraman wa 1966, na ukiwa mkaidi unaishia kwa Gekko Kamen wa 1958, yule bwana wa kilemba cheupe, miwani ya jua na pikipiki. Kila ukirudi nyuma, vya kununua vinapungua. Ukitoka nje ya zile familia tatu kubwa, yaani Ultraman, Kamen Rider na Super Sentai (ile ya akina Gorenger na Zyuranger), unakuta tamthilia nzima ambazo hazijawahi kuuzwa nje ya Japani hata mara moja, na ndani ya Japani kwenyewe ziliuzwa zamani kwa diski za bei ya kumfukuza mtu dukani.

Zinazoonekana leo, kwa sehemu kubwa zinaonekana kwa sababu kuna watu walizirekodi nyumbani, wakazisafisha, wakazitafsiri na kuziweka mahali wengine wazipate. Hawakuwaombeni ruhusa. Hilo nalisema mapema ili tusipotezeane muda: najua hakimiliki ni yenu, na siandiki kuwanyang'anya.

Ombi langu ni hili tu. Mnapokuta nakala ya shabiki ya kitu ambacho nyinyi wenyewe hamkiuzi, kabla hamjaamuru kifutwe, kwanza iombeni hiyo nakala. Ichukueni, iangalieni, iwekeni kwenye ghala lenu. Mkishaipata, mengine tutazungumza.

Nitaeleza kwa nini, na nitaanza na Totsugeki! Human!!

Wasomaji wengi wa Kiswahili hawajawahi kusikia jina hilo, na hata vijana wengi wa Japani hawalijui. Ilirushwa na Nippon TV kuanzia Oktoba hadi Desemba 1972, sehemu 13. Aliyechora umbo la shujaa wake ni Narita Tohru, yuleyule aliyemchora Ultraman. Ilipangiwa Jumamosi saa moja na nusu usiku, saa ileile ya Kamen Rider kwenye kituo kingine, jambo ambalo mwaka 1972 lilikuwa sawa na kupanga mechi yako siku ya Simba na Yanga ukategemea watu waje. Lakini walikuwa na wazo ambalo hakuna aliyekuwa nalo: badala ya kwenda machimboni na kamera ya filamu, walichukua kumbi za miji, wakajaza watoto, wakapandisha shujaa na majini jukwaani, na pambano likarekodiwa hapohapo mbele ya watoto wanaopiga kelele. Leo Japani imejaa maonyesho ya jukwaani ya mashujaa kwenye maduka makubwa na viwanja vya michezo. Hawa walifanya hivyo kwa televisheni miaka zaidi ya hamsini iliyopita.

Nani ameiona? Waliokuwa watoto mwaka ule, basi. Ilirekodiwa kwenye kanda za video za inchi 2, ambazo wakati huo zilikuwa ghali na nzito, na desturi ya vituo ilikuwa kuzifuta na kurekodi kitu kingine juu yake. Zikafutwa. Hakuna sehemu hata moja nzima iliyopatikana mpaka leo. Zimebaki picha za mnato, kumbukumbu za walioshiriki, na maandishi ya magazeti ya watoto. Na kwa kuwa hakimiliki ya filamu nchini Japani hudumu miaka 70 tangu kutolewa, Human!! inalindwa na sheria mpaka mwisho wa mwaka 2042. Mlinzi yupo getini na nyumba haipo.

Jambo la ajabu ni kwamba Kamen Rider, mshindani wake, amebaki mzima, sehemu zote 98, kwa sababu tu Toei walimpiga kwenye utepe wa filamu wa milimita 16. Filamu huwezi kurekodi juu yake. Ultra Q, iliyomtangulia Ultraman kwa miezi michache, ilipigwa hata kwenye milimita 35, kama sinema, ndiyo maana leo mnaisafisha inang'aa kuliko tamthilia za miaka ya 90. Hakuna aliyekaa mwaka 1966 akasema tuitunzie vizazi. Yaliyobaki yalibaki kwa sababu ya aina ya malighafi. Kwa hiyo mtu akiniambia kwamba kampuni inajua kutunza kazi zake na mashabiki wasijisumbue, nauliza: ilijua lini?

Na msinielewe kwamba nawasema nyinyi peke yenu. NHK, shirika la umma, lenye fedha za umma na majengo ya umma, lilifanya vilevile. Tamthilia yao ya vikaragosi ya miaka ya 60, Hyokkori Hyotanjima, ilikuwa na sehemu 1,224. Zilizobaki ni 8. Tamthilia ya vijana ya mwaka 1972, Time Traveler, ilifutwa, na sehemu yake ya mwisho ikaokolewa kwa sababu mtazamaji mmoja alikuwa na mashine ya kurekodi nyumbani, wakati ambao mashine hiyo ilikuwa kitu cha matajiri na wabishi.

Lakini tazameni NHK walifanya nini baadaye. Walianzisha mradi wa kufukua vipindi vilivyopotea, wakatangaza hadharani: aliye na kanda ya zamani aliyorekodi nyumbani, atuletee. Watu wakaleta. Watangazaji wastaafu, waigizaji, wanakijiji, watoto wa marehemu waliokuta maboksi stoo. NHK hawakumuuliza mtu kwa nini ulirekodi bila kibali, wala hawakumtumia barua ya mwanasheria. Walisema asante, wakanakili, wakahifadhi, na vingine wakavirusha tena.

Mimi sioni tofauti kati ya mtu aliyeleta kanda NHK na shabiki wa Osaka, São Paulo au Tanga aliyetunza tamthilia yenu, isipokuwa kwamba yule alipewa anwani ya kupeleka.

Sasa niwaonyeshe kazi yenyewe inavyofanyika, kwa sababu nahisi wengi wenu mnaifikiria kama mtu anabonyeza kitufe cha kunakili. Kanda ya VHS ya miaka ya 80 ikifika mikononi mwa mtunzaji, kwanza haiwekwi kwenye deki. Inafunguliwa kifuniko na kuchunguzwa kwa tochi kama utepe una ukungu mweupe pembeni, maana ukungu ukiingia kwenye kichwa cha deki unaharibu kanda hiyo na zinazofuata. Ikiwa safi, inazungushwa mbele mpaka mwisho na kurudishwa, ili utepe ulioshikamana kwa miaka uachie. Kichwa cha deki kinafutwa kwa spiriti. Ndipo inachezwa, na picha inapotokea ina ule mstari wa chenga chini kabisa, rangi nyekundu imevuja nje ya helmeti, na sauti inapanda na kushuka. Anaicheza tena. Anaicheza kwenye deki nyingine, ya kampuni nyingine, kwa sababu kila deki inakosea mahali pake. Akipata bahati kuna mtu mwingine aliyerekodi sehemu ileile usiku uleule mkoa mwingine. Halafu anakaa na kompyuta, picha moja baada ya nyingine, akilinganisha: chenga iliyopo kwenye nakala hii haipo kwenye ile, basi hapa tunachukua ya pili. Dakika 24 za kipindi zinakula wiki.

Na deki zenyewe zinaisha. Kampuni ya Funai, ya mwisho duniani kutengeneza mashine za VHS, iliacha mwaka 2016. Mwaka 2019 UNESCO walitoa tahadhari kwamba karibu mwaka 2025 nafasi ya kucheza kanda za sumaku ingekuwa imefungwa kwa watu wengi. Huku kwetu deki ikiharibika fundi anaitazama, anatikisa kichwa na kukuuliza kama unataka akununulie kwa vipuri.

Humo ndani ya kanda kuna vitu ambavyo diski zenu hazina. Mnapotoa diski mnakata kadi ya wadhamini, ile sauti inayotaja majina ya kampuni za peremende na viatu mwanzoni. Mnakata matangazo. Kanda ya nyumbani inavyo vyote, kwa mpangilio wake: shujaa anabadilika, linakuja tangazo la mdoli wa shujaa huyohuyo, tunarudi kwenye pambano, na katikati ya pambano unapita mstari wa habari ya tetemeko juu ya kioo. Ukitazama hivyo unaelewa biashara nzima ya tokusatsu kuliko kusoma kitabu, kwa sababu unaona saa ngapi silaha mpya ilitokea kwenye hadithi na dakika ngapi baadaye ikauzwa. Mtafiti wa kesho atahitaji hilo. Atalipata wapi?

Najua mtanitajia Sukagawa. Nami nakipongeza kituo kile kwa moyo wote. Mwaka 2020, katika mji aliozaliwa Tsuburaya Eiji, mwasisi wa kampuni ya Tsuburaya iliyomtengeneza Ultraman, mkoani Fukushima, kilifunguliwa kituo cha kutunza zana za tokusatsu, kwa juhudi za akina Anno Hideaki, mwongozaji wa filamu, na taasisi yao ya uhifadhi. Vijumba vilivyokanyagwa na majini, ndege za kuning'iniza kwa nyuzi, vyote vimepangwa kwenye rafu na mtu anaingia kuviona. Ni jambo jema sana. Ila kinachotunzwa pale ni zana za kutengenezea picha. Picha zenyewe zimebaki kwa kila kampuni na ghala lake, na nje hatujui nini kipo na nini kimeoza. Kitabu kikichapwa Japani, nakala inapaswa kufikishwa Maktaba ya Taifa ya Bunge. Kipindi cha televisheni hakina lazima ya namna hiyo. Hapo ndipo nawaelekea nyinyi wa Wakala wa Utamaduni, maana kampuni haiwezi kulaumiwa kwa kutofanya kitu ambacho sheria haikuitaka ifanye.

Nije kwenye jambo gumu zaidi, ambalo mashabiki wenzangu wengi hatukubaliani.

Ultraseven, tamthilia ya familia ya Ultraman, ina sehemu 49. Ukinunua diski unapata 48. Ya 12, iliyoongozwa na Jissoji Akio na kurushwa Desemba 1967, haipo. Ina wageni wa sayari ya Spell, ambao damu yao imeharibiwa na majaribio ya bomu lao wenyewe, na wanaiba damu ya binadamu kwa kutumia saa za mkononi. Mwaka 1970 msichana mmoja wa shule aliona kadi ya majini iliyotoka na gazeti la watoto, imemwita mgeni huyo kwa neno linalotumika kwa walioathiriwa na mabomu ya Hiroshima na Nagasaki. Baba yake akaandika kulalamika, gazeti la Asahi likaiandika habari, vyama vya manusura vikapaza sauti, na Tsuburaya wakaiondoa. Tangu hapo haijauzwa wala kurushwa rasmi Japani.

Wapo mashabiki wanaosema irudishwe, kwamba kosa lilikuwa la kadi na hadithi yenyewe inapinga mabomu. Mimi sisemi hivyo. Mtu aliyenusurika Hiroshima akisema kitu kimemuumiza, sioni nafasi yangu, niliyezaliwa pwani ya Afrika Mashariki, kumfundisha namna ya kutoumia. Uamuzi wenu wa kutoiuza nauheshimu. Ninachosema ni kwamba imekuwa ikizunguka kwa nakala za nakala, nyingine zimefifia mpaka nyuso hazionekani, na kila anayeijadili, anayeitetea na anayeilaani, anajadili kivuli. Kutoiuza ni jambo moja. Kumruhusu mtafiti aende mahali, aandikishe jina, aketi aione nakala safi, ni jambo lingine. Hali ni hiyohiyo kwa sehemu ya 24 ya Kaiki Daisakusen, tamthilia nyingine ya Tsuburaya, ambayo nayo mmeificha. Mkitaka watu waache kusambaza nakala mbovu, wapeni mlango mmoja halali, hata uwe mwembamba.

Haki za nje nazo zina mikasa yake, na hapo nawaonea huruma. Kwa zaidi ya miaka ishirini Tsuburaya walikuwa wanagombea Ultraman nje ya Japani na kampuni ya Chaiyo ya Thailand kwa sababu ya karatasi iliyodaiwa kusainiwa mwaka 1976. Mahakama za Japani zikasema hivi, za Thailand vile, mpaka mwaka 2017 baraza la wazee wa mahakama huko California likaamua kwamba hati ile si ya kweli, na rufaa ikaisha 2019. Mwaka huohuo wa 2019 Ultra Q na Ultraman zikaanza kutoka Marekani kwenye Blu-ray za kampuni ya Mill Creek. Kwa hiyo kumbe haikuwa roho mbaya, mlikuwa mahakamani. Lakini miaka yote hiyo mtoto wa nje aliyetaka kumwona Ultraman angefanya nini? Angesubiri hukumu?

Au Spider-Man wa Toei, wa mwaka 1978, mwenye roboti kubwa Leopardon. Wapenzi wa Super Sentai wanajua kwamba bila roboti lile huenda tusingekuwa na maroboti ya Battle Fever J mwaka uliofuata na yote yaliyokuja baadaye. Ina sehemu 41. Marvel waliiweka kwenye tovuti yao mwaka 2009 ikiwa na tafsiri ya Kiingereza, kisha ikatoweka. Mwenye haki mmoja yuko Tokyo, mwingine New York, na katikati hapo shabiki ndiye anayejua sehemu ya 10 iko wapi.

Msiniambie kwamba haiwezekani kufanya vizuri, kwa sababu mmeshafanya. Kikaider, shujaa mwingine wa Toei, alirushwa Hawaii mwaka 1974 na kituo cha KIKU akiwa na maandishi ya Kiingereza chini ya picha, na watoto wa visiwa vile wakampenda kiasi kwamba mwaka 2002 gavana Ben Cayetano alitangaza siku maalumu kwa heshima yake. Brazil walipewa tamthilia za Jaspion na Changeman kwa Kireno mwaka 1988 kupitia kituo cha Rede Manchete, na mpaka leo watu wazima wenye mvi wanaimba nyimbo zake. Manchete yenyewe ilifungwa 1999. Mwaka 2015 kampuni ya Shout! Factory ya Marekani walitoa Zyuranger kwenye DVD, wakaendelea na zilizofuata, na tukanunua, tuliokuwa tayari tunazo zote kwenye kompyuta. Aprili 2020, dunia imejifungia ndani, Toei walifungua chaneli ya YouTube wakaanza kwa kuweka sehemu mbili za mwanzo za tamthilia 70. Sehemu mbili! Ni kama kualikwa pilau ukaonjeshwa mchuzi. Lakini tulishukuru, na nyingine mliendelea nazo baadaye.

Hapo Brazil kuna jambo nisingependa lipite. Sauti za Kireno za Jaspion, kwa Mbrazili, ndizo Jaspion. Zikipotea, filamu yenu safi iliyoko Tokyo haiwezi kuzirudisha. Huku kwetu tunalielewa hilo bila kuelezwa, sisi tuliosimuliwa filamu za nje na akina Lufufu Dar na DJ Afro Nairobi, watu waliomtafsiri steringi na adui kwa sauti moja, wakaongeza utani wao, na kibanda umiza kizima kikacheka pale ambapo mwongozaji wa Hong Kong hakukusudia mtu acheke. Kuna filamu ambazo mtu akiziona leo bila sauti hizo anahisi zimekatwa. Tafsiri ni sehemu ya maisha ya kazi yenyewe, na nyingi ya tafsiri za tamthilia zenu, za lugha nyingi tu, zimo mikononi mwa mashabiki. Nyinyi hamna nakala zake.

Wezi wapo, sitawaficha. Kuna wanaochukua tafsiri ambayo mtu ameifanya bure usiku, akisubiri bando la bei nafuu, wanaichoma kwenye DVD, wanachapa jalada na kuiuza kama yao. Kuna wanaoweka tamthilia mpya mtandaoni asubuhi ileile inaporushwa Tokyo, yenye matangazo ya kamari pembeni. Wale fuateni, wala sitawatetea. Wengi ninaowajua mimi wana kanuni yao ya zamani: kitu kikipata leseni ya kuuzwa rasmi mahali tunapoweza kukinunua, tunakiondoa. Si wote wanaoifuata, na zipo ugomvi za kutosha kuhusu "mahali tunapoweza kukinunua" maana yake nini kwa mtu anayeishi nchi ambayo duka la mtandaoni linamwambia huduma haipatikani eneo lako.

Kilichonisukuma kuandika ni hiki. Hivi karibuni mwenye haki mmoja, ambaye simtaji, aliagiza mkusanyo mzima wa tamthilia moja ya miaka ya 70 uondolewe, na ukaondolewa siku hiyohiyo. Haki alikuwa nayo. Ila tamthilia hiyo haiuzwi popote, na katika mkusanyo ule kulikuwa na sehemu zilizounganishwa kutoka kanda tatu tofauti, pamoja na matangazo ya sehemu inayofuata ambayo sijawahi kuyaona kwenye toleo lolote. Aliyefanya kazi hiyo alifuta na faili zake mwenyewe nyumbani, kwa woga. Hakuna mtu wa kampuni aliyemwandikia kumuuliza: ulizipata wapi, na unaweza kutupa?

Kwa hiyo nikisema ombeni nakala, nataka kitu kinachofanyika ofisini. Kila kampuni iwe na mtu mmoja na anwani moja ya kupokelea nakala za zamani, na iandikwe wazi kwamba anayeleta hashitakiwi kwa kuleta. Barua ya kuagiza kufutwa kwa kitu ambacho hakiuzwi itanguliwe na barua ya kukiomba, na apewe muda, tuseme siku 90. Atakayekubali kukabidhi tafsiri zake, pokeeni, mzikague, mzitumie mkitaka. Wengi hawatadai senti, watataka jina lao liandikwe mwishoni kwa herufi ndogo, na hata hilo wengine hawatataka. Mnachoshindwa kukiuza kwa sababu za haki za muziki au waigizaji, kiwekeni mahali pa kutazamiwa na watafiti. Sukagawa pana nafasi, na Yokohama ipo Maktaba ya Utangazaji ambayo tayari watu hukaa na kutazama vipindi vya zamani. Na Wakala wa Utamaduni mngeanza na orodha tu. Tamthilia zote za tokusatsu tangu 1958: ipi ipo nzima, ipi ina mapengo, ipi haipo. Mkiitangaza, nawahakikishia mtashangaa mapengo yatakavyoanza kujibiwa kutoka nchi ambazo hamkuzitarajia.

Gharama za posta kutoka huku zisiwasumbue, tutachangishana. Mtupe anwani.

Wenu,
Shabiki na mwandika tafsiri,
Tanga